Mwezi Uliolala Wamaza

Kalenda ya Ng'ambo ya Pili niliitunga mimi. Naanza na neno hilo kwa sababu siku hizi, ukitoka Kasongo mpaka Kabambare, hukosi kukutana na mtu atakayekuapia kwamba aliisikia kwa bibi yake. Hakuna bibi aliyeijua. Niliitunga nimekaa kwenye kiti cha plastiki ndani ya duka langu, mvua inapiga bati, betri zimelala, na sina mteja hata mmoja wa kunisumbua.

Duka lenyewe ni la kuchaji simu. Wengine wakisikia hivyo wanacheka: mtu ana lisansi ya jiografia, digrii nzima ya chuo, anachaji simu! Wacha wacheke. Mimi ni mtoto wa wakulima wa mpunga. Niliondoka Kasongo na shati la kuazima, nikafyatua matofali Bukavu, nikakaanga maandazi ya kuuza kwenye lango la chuo kilekile nilichosoma, na siku ya kupewa diploma ya lisansi wateja wangu wa maandazi walinipigia makofi kuliko wazazi wa wale waliolipiwa. Hakuna mjomba aliyeninunulia hata kalamu. Niliporudi, watu walitazamia nizunguke maofisini na bahasha kwapani. Mimi nilipanda juu ya bati nikafunga pano za jua, zile paneli za umeme, kwa mikono yangu, na kabla ya jioni barabara yetu yote ilikuwa imeleta simu zake kwangu. Diploma iko ukutani, ndani ya kioo, juu kidogo ya nyaya. Mteja akichoka kungoja, aisome.

Pamoja na kuchaji, najaza kadi. Namaanisha zile kadi ndogo za simu, nyembamba kama ukucha, ambazo mtu ananiletea nimtilie nyimbo, mahubiri na vichekesho. Ukishaacha Kasongo kuelekea Wamaza na Kabambare, mtandao unakuja na kupotea kama mbuzi asiyefungwa, lakini kadi inafika popote pikipiki inapofika. Dereva anaifunga kwenye kipande cha plastiki, anaitia ndani ya soksi, anaondoka. Kule inapita simu kwa simu. Kadi moja inatosha kijiji kizima.

Sasa, mimi nafasi tupu inaniudhi. Nyimbo zikiisha, kadi inabaki na nafasi, na nikawa najiuliza kwa nini nisiijaze na kitu changu. Nikaufunga mlango wa duka, nikaishika simu karibu na mdomo, nikaanza kusimulia habari za nchi isiyokuwepo.

Ukivuka Lualaba pale Nyangwe, unafika ng'ambo. Hiyo kila mtu anaijua. Kuna watu, kuna mihogo. Nchi yangu niliiweka ng'ambo ya ile ng'ambo, kule ambako mtumbwi wa kwanza haukufikishi. Nikaiita Ng'ambo ya Pili. Niliipa mito, nikaipa milima, na kwa kuwa jiografia niliisomea, milima yangu haikai ovyo. Nikaipa watu wenye ubishi kama sisi. Halafu nikataka kusema, "Siku moja, mwezi wa tano," nikakwama. Mwezi wa tano wa nani? Watu wale hawajawahi kusikia habari za Januari. Walihitaji kalenda yao wenyewe, na hapo ndipo nilipoonja starehe ambayo hata chuoni sikuipata.

Nilifikiri nikila, nikafikiri nikioga. Mwisho nikauona mwezi wao. Kule, mwezi ni mgeni. Haupiti tu juu angani. Unateremka, unabisha hodi kwenye nyumba moja, unapewa mkeka, unalala. Kukicha bado upo. Unakaa kadiri mwenyeji anavyoutunza, na hauwezi kujiendea wenyewe, kwa sababu hata kwetu mgeni wa heshima haondoki kama mwizi: mwenye nyumba anasimama, anamchukulia mzigo, anamsindikiza mpaka kijitoni, anamwambia, "Uwasalimie." Hapo mwezi ndipo unapokwisha. Unatafuta nyumba nyingine, na huo ndio mwezi mpya.

Kutoka hapo mambo yalijizaa yenyewe. Mwezi unachukua tabia ya nyumba. Ukilala kwa mfinyanzi, hakuna kinachopasuka kijijini, hata ahadi. Ukilala kwa mama wa mapacha, kila siku inakuja mara mbili, na watu wanaitumia ya pili kurekebisha ya kwanza. Ukilala kwa mtu wa fujo, siku zinasukumana mlangoni, kesho inaingia kabla leo haijamaliza kula. Mwaka ni nyumba zote za kijiji. Mwezi ukishalala katika kila moja, mwaka umetimia. Kwa hiyo kijiji kikubwa kina mwaka mrefu, na ndugu wakigombana mmoja akahama, mwaka unapungua kwa wote, hata kwa wasiohusika. Mtu akiulizwa umri hataji namba. Anasema, "Mimi nimeukuta mwezi kwa mhunzi, tena na tena," na anayemwelewa anamwelewa.

Kuna kanuni nyingine niliyoiweka mwishoni bila kuifikiria sana, nikitafuta tu namna ya kumaliza ile sauti kabla betri haijazima. Nilisema: mwezi ukiwa bado haujasindikizwa, lililoanza haliishi. Mahindi yaliyotoa maua yanabaki na maua. Mimba inabaki mimba. Aliyekuwa anacheka anaendelea kucheka, na aliyekuwa analia analia.

Kadi zilianza kurudi na sauti. Sikuwa nimeomba. Madereva waliniletea kadi nizijaze upya, nikakuta mwishoni, baada ya sauti yangu, watu wamejirekodi wakiuliza. Mchimba dhahabu mmoja, nyuma yake pampu inanguruma: "Lisansie, sisi tuko mu shimo, mwezi hatuuoni. Tarehe tutaijuaka namna gani?" Lisansie, yaani mwenye lisansi, ndilo jina nililopewa barabarani, nami sikulikataa. Mama mmoja wa Kabambare: "Ile mwezi inakulaka nini? Kama inakula muchele, isije kwangu, niko na watoto." Na mwanaume ambaye hakusema anatoka wapi, kwa sauti ya polepole: "Mutu akikufa wakati mwezi iko kwa jirani yake, anahesabiwa kwa nyumba gani?"

Hilo nililitafuna muda mrefu. Chuoni hakuna profesa aliyewahi kuniuliza swali la namna ile. Niliamua kwamba marehemu anahesabiwa kwa nyumba iliyosikia kilio kwanza. Wachimbaji niliwapa mwezi wao mdogo, mtoto wa ule mkubwa, unaoshuka shimoni kwa kamba na kupanda wakiisha kula. Mama wa Kabambare nilimjibu kwamba mwezi unakula harufu ya chakula tu, chakula chenyewe unakiacha. Alinirudishia kadi na neno moja: "Basi uje."

Ndipo wengi wakaanza kuomba. Kila mtu alitaka mwezi ulale kwake. Nikaona ni haki, na nikaweka utaratibu. Nasimulia jinsi mwezi ulivyofika kwa fulani, jina silitaji, namwonyesha kwa jambo ambalo watu wa kwao watamtambua, halafu nanyamaza. Mwenye nyumba mwenyewe ndiye anayejirekodi akimsindikiza mgeni. Kadi ikinirudia na sauti yake, naendelea na nyumba nyingine, isiporudi, siendelei. Fundi baiskeli wa Nyangwe aliuaga mwezi kwa wimbo wa kujitungia. Mama mmoja aliufukuza kwa ufagio, barabara nzima ikacheka.

Lazima sasa nimseme dada yangu, mdogo wangu wa tumbo moja. Aliolewa Wamaza, na mumewe alikufa kabla sijarudi. Ni fundi wa kushona, na sisemi hivyo kwa sababu ni wangu: vitenge vya harusi vilikuwa vinatoka Kabambare mjini vikiletwa kwake kijijini, badala ya kwenda kinyume. Mashine yake niliinunua mimi, kwa jasho la maandazi. Lakini kwa desturi ya ukoo wa mumewe, mjane aliye katika nguo nyeusi hagusi kazi ya mapambo. Hashoni, haketi sokoni, hachekei barabarani, mpaka ukoo ukae, upike, uite watu, na kaka mkubwa wa marehemu atamke kwamba kilio kimekwisha. Hapo anavuliwa nyeusi, anavikwa kitenge, anarudi kwenye maisha yake. Tarehe inatoka kinywani mwa kaka mkubwa peke yake.

Kaka mkubwa huyo hakuitoa. Nilimwendea mwenyewe, nimevaa vizuri, na chumvi na sabuni mkononi kama inavyotakiwa ukweni. Ni mkulima wa mpunga na mwimbishaji wa kanisa lao, mtu mpana, mwenye sauti nzito inayokutuliza hata kama umekuja kugomba.

"Shemeji, sikatai," aliniambia. "Nani amekataa? Tunangoja mudogo wetu atoke kwenye dhahabu."

Nilirudi baada ya mavuno. Mdogo wao alikuwa ameshatoka kwenye dhahabu, amekaa palepale anakula.

"Sikatai, shemeji. Lakini barabara iko mbaya. Wajomba watafika namna gani?"

Barabara ilikauka, nikarudi tena.

"Sikatai. Tuache kwanza karanga zitoke."

Dada yangu alikuwa pembeni anapepeta mchele. Nyuma yake, mlangoni, niliiona mashine imefunikwa shuka kama mgonjwa. Aliponisindikiza mpaka kwenye pikipiki alisema chini kwa chini, akiniita kama kwetu mdogo anavyomwita mkubwa wake, "Yaya, juzi niliinua shuka. Gurudumu haizunguki tena vizuri, kutu imeanza. Kuna mama mu Kabambare mujini ananiwekea nafasi mu atelye yake ya kushona. Ananipenda, lakini hatanigojea mpaka nizeeke."

Nilirudi Kasongo nimekasirika. Mimi milango mingi ya maisha yangu nimeifungua kwa bega. Ule ulikuwa mlango wenye adabu, kila ukiugusa unakukaribisha, na haufunguki.

Haukupita muda, kadi moja kutoka Wamaza ikaja na sauti ya dada mwishoni. "Yaya, mwezi ulale kwa shemeji mukubwa. Ni mutu wa kupokea wageni. Wamaza yote itafurahi." Nilishangaa kidogo, kisha nikaona ni fikra ya heshima, ya kumkweza mtu ili moyo wake ulegee. Nikaifanya vizuri, vizuri kuliko zote nilizowahi kufanya. Nilisimulia jinsi mwezi ulivyochoka njiani, ukasikia sauti ya mtu anayeimbisha watu, sauti inayofika kanisani kabla ya mwenyewe, ukaifuata, ukateremka juu ya bati lake, naye akautolea kiti chenye mgongo. Kisha nikanyamaza, kama utaratibu unavyotaka, nikangoja asindikize.

Madereva waliniambia alifurahi sana. Watu walikwenda kwake kumsalimia mgeni, naye alitoa karanga za kuchemsha. Walipomuuliza ataurekodi lini mwisho wake, alisema kwa ile sauti yake, "Sikatai. Lakini mgeni hafukuzwi."

Kadi haikurudi. Mimi nikawa nawajibu wateja mlangoni kwangu.

"Lisansie, mwezi iko wapi?"

"Wamaza."

"Bado?"

"Bado."

"Kwani kule kuna pombe gani?"

Nyangwe waliuliza. Kabambare waliuliza. Wachimbaji walituma ujumbe kwamba hata yule mtoto wa mwezi amekataa kushuka shimoni bila mama yake. Nchi nzima ya Ng'ambo ya Pili ilikuwa imesimama juu ya bati la mtu mmoja, na mimi mtungaji wake sikuwa na ufunguo. Nakiri jambo hilo lilinipendeza. Ni watu wangapi wametunga kitu kikasimama chenyewe, kikakataa kuwatii?

Ndipo wasikilizaji walipoikumbuka ile kanuni niliyoitupia mwishoni, kwamba lililoanza haliishi. Mimi nilikuwa nimeshaisahau. Wao hawakuisahau. Pale Wamaza, kila alipopita kaka mkubwa njiani, walianza kumdai. Wanawake waliokuwa wanatwanga sombe, majani ya mihogo, wakamwita, "Baba, sombe yetu haiivi, sindikiza mgeni wako!" Dereva aliyeharibikiwa na pikipiki kilimani akamwambia, "Mukubwa, mi niko napanda huu mulima tangu mwezi ulale kwako, juu sifiki!" Mwingine, "Mgeni siku ya tatu anapewa jembe! Mpe mwezi jembe!" Na mwanamke mmoja mjamzito, ambaye kiukoo ni mtani wake, alisimama katikati ya njia mikono kiunoni: "Shemeji, na mimi nitazaa lini? Unataka mutoto atoke na ndevu?"

Kaka mkubwa alikuja Kasongo saa za mchana, matope mpaka magotini, bila kutuma habari. Akakaa kwenye kiti changu cha plastiki, akatazamana na diploma.

"Shemeji," akasema, "uliniletea mgeni gani?"

"Mgeni wa heshima."

"Heshima! Nimeenda kuzika mutu kijiji ya pili. Mu mazishi, shemeji! Tumeshusha sanduku, mujomba wa marehemu ananigeukia: 'Baba, huyu wetu atafika mbinguni lini, na mwezi iko kwako?'"

Akacheka mwenyewe, mwili mzima ukatikisika, kiti kikalia. Kisha akaacha ghafla. "Sema kama imeenda. Wewe njo uliitunga, si mwingine."

"Kanuni haziruhusu. Mwenye nyumba ndiye anayesindikiza."

"Kanuni si zako?"

"Zilikuwa zangu. Sasa Kabambare nzima inazijua kuliko mimi. Nikidanganya neno moja watanirudishia kadi."

Aliinua macho ukutani. Nilidhani anasoma diploma, lakini macho yake yalikuwa yamepita pale. "Watu wote wananiuliza mwezi itakwisha lini," akasema. "Wote. Mutu mumoja tu hajaniuliza."

Nilijua anamsema dada yangu.

"Ananiletea maji ya kunawa. Anaweka chini, anapita. Ile nyeusi yake imefuliwa mpaka imekuwa rangi ya majivu. Ninangoja aulize, nimuambie sikatai. Haulizi."

Mteja aliingia kuchukua simu yake, akaichukua, akatoka. Kaka mkubwa alingoja mpaka tukabaki wawili.

"Nikuulize kitu, wewe umesoma. Mgeni akishaenda, nyumba inabaki na nini?"

Nilikuwa nimetengeneza mito na milima, siku zinazokuja mara mbili na miaka inayopungua, lakini kila mara mwezi ulipoondoka niliondoka nao kwenda nyumba ya mbele. Sikuwahi kubaki nyuma na kuchungulia ndani ya ile ulimolala. Nikajikuta nataka sana kujua.

"Sijui," nikasema, na neno hilo silitumii ovyo. "Unaonaje wewe? Nyumba ni yako."

"Mi naona hivi. Kilio kikiisha, ndugu yangu atakuwa mutu aliyekufa zamani. Sasa hivi bado amekufa juzi. Mupita njia akimwona yule mama mu nyeusi, anasimama, ananipa pole, tunamutaja. Akivaa kitenge, nani tena atasimama?"

Nje watu walikuwa wanapakia mchele kwenye baiskeli, wakibishana juu ya kamba. Nilikuwa nimemfanyia mtu huyu hasira muda mrefu, nikimwona kama mtu anayekalia mlango. Sikuwa nimefikiri kwamba kuna kitu upande wa pili anachokizuia kisitoke.

"Mkeka," akasema mwishowe.

"Mkeka gani?"

"Mama yetu alikuwa hakunji mkeka ya mgeni mara moja. Mgeni anaenda asubuhi, mkeka inabaki palepale na umbo lake. Sisi watoto tulikatazwa kuukanyaga. Jioni njo anaukunja."

"Basi iwe kanuni. Mwezi ukisindikizwa, mkeka haukunjwi mpaka jioni."

"Iko mu kalenda?"

"Sasa imo."

"Useme ni nani alileta hiyo."

"Hatutaji majina."

"Sawa. Lakini watu wajue mi njo nilisema."

Akaomba simu. Nilifunga mlango, wateja wakabaki nje wanalalamika. Akakohoa, akasimama, kwa sababu mwimbishaji hawezi kuongea amekaa, akairekodi kwa ile sauti ya kanisani:

"Mwezi, mi mwenyeji wako wa Wamaza. Ulikuja, hatukukunyima kiti. Nilikuweka sana, siyo kwa ubaya. Leo nakubebea muzigo mpaka ku kijito. Uwasalimie wa kule. Ukimwona ndugu yangu, umwambie muke wake anavuliwa nyeusi Jumamosi ya mwisho ya mwezi huu, huu wa kanisa, siyo ule wa shemeji. Na wote munaosikia hii kadi, kama muko karibu, mukuje. Chakula itakuwa." Akakumbuka jambo. "Na mujue, tangu mwanzo mimi sikukataa."

Neno likishaingia kwenye kadi haliwezi kurudishwa mdomoni. Sikumpa nafasi ya kulifikiria. Nilijaza kadi mpaka betri zikaanza kulia, na kila dereva aliyeelekea upande ule aliondoka na moja ndani ya soksi.

Watu walikuja kuliko ukoo ulivyotazamia. Wengine walitoka Kabambare, hawakumjua marehemu wala mjane. Walikuja kumwona mtu aliyelaza mwezi. Dada yangu alivuliwa nyeusi ndani ya nyumba na wake wa ukoo, akatoka na kitenge cha kijani nilichomletea, macho yamemlegea kama mtu aliyeamka usingizini. Mlangoni kwa kaka mkubwa palikuwa na mkeka umetandikwa, mtupu. Hakuna aliyeeleza kitu. Watu waliuzunguka, na mama mmoja alimshika mtoto wake mkono asiukanyage. Waliokuja wakakaa karibu nao wakaanza kumtaja marehemu: alivyokuwa anapenda samaki wa kukaushwa kwa moshi, alivyoanguka kwenye baiskeli akiwa amevaa koti la harusi ya mtu. Kaka mkubwa alisikiliza yote, akisahihisha hapa na pale. Jua lilipolala aliukunja mkeka mwenyewe, akauingiza ndani.

Tulikula wali na samaki, mimi na dada bega kwa bega, kama zamani.

"Yaya," akasema, "ulifikiri nilimuombea mwezi kwa heshima?"

"Kwa nini kingine?"

"Mi namjua mwenye nyumba. Mutu asiyefunga kitu, unampa kitu ambacho watu wote wanangoja akifunge. Nikingoja mimi peke yangu, nani ataona? Kabambare nzima ikingoja, na yeye ataona."

Mkono wangu ulibaki na tonge hewani. "Ungeniambia!"

"Ningekuambia, ungesema ni fikra yako."

Waliokuwa karibu walicheka mpaka mmoja akapaliwa. Nilimwambia kwamba hata hivyo kalenda ni yangu, na bila kalenda asingekuwa na pa kuuweka ujanja wake.

"Kalenda ni yako," akasema. "Mashemeji ni wangu."

Sikumbishia. Tumetoka tumbo moja. Akili haikuweza kuishia kwangu tu.

Mashine tuliifunga kwenye pikipiki na kamba za mpira, imelala kifudifudi juu ya godoro, dada na dereva wakaondoka kwenda Kabambare. Mimi nilirudi Kasongo kwenye pano zangu. Kadi za kwanza zilizotoka kule zilikuwa na maswali ya kawaida ya watu, na moja ilikuwa na malalamiko kwamba sasa mwezi unakwenda mbio mno. Nilizisikiliza zote, kwa sababu bado natamani kujua watu wananiuliza nini kuhusu nchi isiyokuwepo.

Kisha ikaja moja ambayo mwishoni haikuwa na mtu anayeongea. Nilidhani imeharibika. Nikaiweka sikioni. Palikuwa na mlio mfululizo, unapanda, unapungua, unakwama kidogo pale gurudumu linapopita kwenye kutu yake ya zamani, unaendelea. Ukasimama. Nikasikia uzi unakatwa kwa meno, na dada akasema, kama mtu anayeongea huku akiangalia mshono:

"Yaya, mwezi iko wapi sasa?"

Halafu mashine ikaanza tena, haikungoja jibu.